Tulirudi na filamu: siku kumi na mbili kutoka Dar hadi Kagunga

Mwaka jana, kabla hajakubali kukaa mbele ya kamera yetu, bibi mmoja wa Katumba, mkoani Katavi, aliniuliza swali moja tu: "Mtarudi?" Nikamwambia tutarudi. Akasema waliotangulia kumpiga picha, tangu miaka ya sabini, wote waliahidi hivyo hivyo, na yeye hajaona hata picha moja.

Safari hii ndiyo ya kurudi. Kwa miezi mitano nilikuwa nimekaa nikihariri filamu ya makala kuhusu watu waliokimbilia magharibi mwa Tanzania, wale waliotoka Burundi mwaka 1972 na wale wa mwaka 2015. Rasimu ilikuwa na dakika 74. Tulikubaliana na wahusika wote wanne kwamba hakuna mtu nje ya timu yetu ya filamu atakayeiona kabla yao, na kwamba wana haki ya kutuambia "hapa toeni". Nimeyaunga maelezo haya kutoka kwenye daftari, picha za simu na risiti nilizozikuta mifukoni baada ya kufika nyumbani. Majina ya wahusika siyaandiki, na mambo ambayo yangewatambulisha nimeyaacha makusudi.

Tulikuwa watatu: mimi ninayeongoza na kuhariri, mpiga picha, na fundi wa sauti.

Siku ya kwanza, Jumatatu: Dar es Salaam hadi Dodoma

Tulipanda treni ya asubuhi ya reli ya kisasa, SGR. Daraja la kawaida hadi Dodoma tulilipa shilingi 31,000 kila mmoja, na tiketi tulikata siku tatu kabla. Kama una vifaa vya filamu, fika mapema. Kwenye ukaguzi betri zetu zote zilipangwa mezani, na dada aliyekuwa zamu akataka kujua kila moja ni ya nini. Akauliza kwa upole, nasi tukamweleza. Alipojua tunakwenda Katavi kuwaonyesha watu filamu yao, akasema shangazi yake ameolewa Mpanda, kisha akatusaidia kuzirudisha begini.

Rasimu ilikuwa kwenye diski mbili za kuhifadhia. Moja nilikaa nayo mimi, nyingine fundi wa sauti. Usiziweke zote sanduku moja hata siku moja.

Siku ya pili, Jumanne: Dodoma hadi Tabora

Basi, shilingi 26,000, kupitia Manyoni na Itigi. Lami tupu na miti ya miombo, nililala karibu njia nzima.

Tabora tulilala gesti ya shilingi 25,000. Mkoa huu una Ulyankulu, mojawapo ya makazi matatu makubwa yaliyotengwa kwa Warundi wa 1972. Mengine mawili, Katumba na Mishamo, yako Katavi, na huko ndiko tulikokuwa tunaelekea.

Siku ya tatu, Jumatano: stesheni ya Tabora

Treni ya Mpanda haiendi kila siku. Uliza stesheni ukiwa bado hujapanga mambo mengine, kisha panga safari yako kuifuata yenyewe. Sisi yetu ilikuwa ya usiku, kwa hiyo mchana kutwa tulikuwa na kazi moja, kulinda mizigo.

Mama anayeuza chai jirani na stesheni alituona tukipokezana kulala juu ya masanduku. Akatuita tukae kwenye mabenchi yake. Ana betri ya sola anayochajia simu za wateja, shilingi 500 simu moja, na betri za kamera akatuchajia bila kutoza. Nilipotaka kulipa akasema nimlipe kwa kununua chapati. Tukazila chapati zake hadi zikaisha. Nilinunua pia chupa mbili za asali ya Tabora, moja ya bibi, nyingine ya mzee wa Mishamo, mhusika wetu wa pili.

Ndani ya behewa nilikaa karibu na abiria aliyezaliwa Katumba. Alikuwa akitoka kupeleka mtoto shule. Nilimwambia tunatengeneza filamu kuhusu wakimbizi. Akanyamaza kidogo, kisha akanifafanulia jambo ambalo nilikuwa nimelisoma lakini sijawahi kulielewa vizuri.

Wazazi wake walikuja 1972, wakati wa mauaji ambayo Warundi wenyewe huyaita ikiza, balaa. Yeye alizaliwa hapa, akasoma hapa, na hadi anaoa aliitwa mkimbizi. Mwaka 2007 Serikali iliwapa nafasi ya kuchagua kurudi Burundi au kuomba uraia, na wengi sana wakaomba uraia. Lakini waliambiwa kwamba wakishaupata watahamishwa kutoka kwenye makazi yale na kutawanywa mikoa mingine. Wakasubiri. Mpango wa kuwahamisha ukaja kusitishwa, na mwaka 2014 zaidi ya watu 162,000 wakaanza kupewa vyeti vya uraia.

"Sasa niambie, dada," alisema, "kama kila mwaka unaambiwa mwakani utahama, utajenga nyumba ya tofali? Utapanda mwembe? Miaka saba yote hiyo watu waliishi kwenye nyasi huku pesa ya bati wanayo mkononi."

Niliandika maneno hayo daftarini kwa mwanga wa simu. Sikujua kwamba siku mbili baadaye yatanirudia.

Siku ya nne, Alhamisi: Mpanda

Tulifika, tukaoga, tukala wali na migebuka, tukapeleka barua. Hapa niseme kidogo kuhusu vibali, maana wengi huuliza. Kibali cha kupiga filamu kinatoka Bodi ya Filamu. Kuingia kambi ya wakimbizi ni kibali kingine kabisa, cha Wizara ya Mambo ya Ndani ya Nchi, na kimoja hakifanyi kazi ya kingine. Katumba na Mishamo si kambi siku hizi, ni vijiji vyenye wenyeviti na madiwani wake, lakini bado ni adabu, na ni usalama wako pia, kupita halmashauri kisha kwa mtendaji wa kata ukiwa na barua zako. Beba nakala tano za kila karatasi.

Siku ya tano, Ijumaa: Katumba

Tulikodi Noah kwa shilingi 60,000, kwenda na kurudi. Njia ni vumbi jekundu na mashamba ya muhogo pande zote mbili. Bibi alikuwa amekaa mlangoni akitusubiri. Tukamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, kisha akaongeza "Amahoro" kama anavyowasalimu watu wa nyumbani kwake. Alimshika mpiga picha mkono muda mrefu. "Kumbe mmerudi," akasema.

Hakutaka kusikia habari ya filamu kabla hatujala. Ukaja ugali wa muhogo, maharage yaliyoungwa kwa mawese, na lengalenga. Akaionja asali ya Tabora, akaifunga, akaiweka chini ya kitanda.

Tuliweka laptopu juu ya kigoda, tukaunganisha spika ndogo. Alikuwepo yeye, mjukuu wake wa kike, na jirani mmoja aliyemchagua mwenyewe. Ningewashauri wenzangu wanaofanya kazi hii: onyesho la kwanza mwachie mhusika aamue nani akae naye. Usilete kijiji kizima.

Filamu yetu ilianza na picha niliyoipenda kuliko zote. Bibi yuko kwenye jiko la nyasi, mafiga matatu, moshi unapanda taratibu, mwanga unaingia kwa tundu dogo la ukutani na kumwangukia usoni. Kila mwenzetu wa kazi aliyewahi kuiona alishika kifua. Bibi aliitazama, akamwambia mjukuu wake maneno ya Kirundi, na mjukuu akainamisha kichwa asiyatafsiri. Kisha bibi akasema kwa Kiswahili, "Simamisha hapo."

Nikasimamisha.

"Hapo ni kwa nani?"

"Ni jikoni kwako, bibi."

"Hilo jiko la zamani, naweka kuni. Nyinyi ndio mlioniambia nikae humo. Mkaniambia niwashe moto, mchana, na chakula kilikuwa kimeshaiva. Mkaniambia nivae khanga ile iliyochanika." Hakukasirika. Alikuwa anahesabu tu, kama mtu anayehesabu chenji. "Nyumba yangu ya bati mmeipeleka wapi?"

Nyumba yake ya bati ilikuwa nyuma yetu, hatua kumi. Kuta za tofali za kuchoma, mlango wa rangi ya buluu, taa ya sola. Siku ile ya mwaka jana tuliipita. Nakumbuka nilimwambia mpiga picha kwamba mwanga wa jikoni ni mzuri zaidi, na ni kweli ulikuwa mzuri zaidi. Sikukumbuka kujiuliza ile nyumba imejengwa lini.

Ilijengwa baada ya cheti. Aliniambia mwenyewe, na maneno ya yule abiria wa treni yakanirudia yote. Alikaa zaidi ya miaka 40 katika nyumba za nyasi kwa sababu hakuwahi kuwa na hakika kama atalala hapo mwaka unaofuata. Alipopata karatasi yenye jina lake, akauza muhogo, akanunua bati nane. Msimu uliofuata, sita. Mimi nilikuja na kamera na kumrudisha kwenye nyasi.

Tukaendelea kutazama. Kulikuwa na sehemu niliyoiogopa zaidi, dakika nne ambazo anasimulia usiku wa kuvuka mto mwaka 1972, na mumewe aliyebaki ng'ambo ya pili. Pale analia, nasi hatukukata. Niliweka kidole juu ya kitufe nikimsubiri aniambie nitoe. Aliitazama hadi mwisho, akajifuta macho kwa ncha ya kitenge.

"Hayo yaacheni," akasema. "Machozi ni yangu. Ule moshi ndio wenu."

Siku ya sita, Jumamosi: Katumba tena

Hatukuwa tumepanga siku ya kupiga picha. Tulikuwa na kamera moja na lenzi mbili, basi. Bibi alitupangia mwenyewe. Alitaka tuje saa sita mchana, maana saa hiyo ndipo bati linang'aa. Mpiga picha yeyote atakwambia saa sita ni saa mbaya kuliko zote: jua liko utosini, macho yanakuwa mashimo meusi. Wangu alinitazama, akashusha pumzi, akafunga tripodi.

Bibi alikaa kwenye kiti cha plastiki mbele ya mlango wa buluu, amevaa kitenge kipya, simu yake ikichajiwa dirishani. Hakuzungumza chochote cha huzuni. Alihesabu bati. Mistari ya kwanza ni ya mwaka gani, ile pale ni ya muhogo, hii ni ya mjukuu aliyetuma pesa kutoka Sumbawanga. Jumla 42. Wakati anahesabu, bati likaanza kulia kwa joto, ta, ta, ta, kama linavyofanya likipata jua kali, na fundi wa sauti akanyanyua mkono tusiseme neno. Tulirekodi dakika kumi na moja za bati likilia na sauti ya bibi ikihesabu.

Mchana huo niliandika ujumbe kwa tamasha lililokuwa linaisubiri filamu kwamba hatutawahi tarehe yao. Nafasi ile tuliipoteza. Kwenye treni ningedhani hilo ni jambo kubwa.

Siku ya saba, Jumapili: Mishamo

Kutoka Mpanda unaifuata barabara ya Uvinza, mwanzo lami, baadaye vumbi, kisha unachepuka. Bodaboda za kutoka njia panda zilitutoza 15,000 kila moja pamoja na mizigo, na bei hiyo tuliipata baada ya kuongea sana.

Mzee wetu wa Mishamo alikuwa kijana wakati makazi haya yanafunguliwa mwishoni mwa miaka ya 1970. Walipewa jembe, mbegu na kipande cha pori. Anamtaja Mwalimu Nyerere kwa jina la Mwalimu peke yake, na anajua kwamba mwaka 1983 Mwalimu alipewa Tuzo ya Nansen kwa namna nchi hii ilivyopokea wakimbizi. "Sisi ndio tuliolima," huongeza kila mara, "lakini yeye alitupa mahali pa kulima."

Alikuwa na mambo mawili. La kwanza nililitarajia. Chini ya uso wake tulikuwa tumeandika "mkimbizi wa zamani". Akaingia ndani, akatoka na cheti chake ndani ya mfuko wa nailoni, ndani ya bahasha, ndani ya mfuko mwingine. Akakiweka juu ya kompyuta. "Andika mkulima," akasema. "Ukimwi... hapana, ukimwandika mtu kwa jambo lililompata, utamwandika mangapi?" Mjukuu wake alicheka kwa ulimi ulivyoteleza, naye akacheka pamoja naye. Tukaandika mkulima palepale, akiangalia.

La pili sikulitarajia hata kidogo. Kuna sehemu anasimulia safari ya lori, na chini ya sauti yake tulikuwa tumeweka mvua, mvua laini ya mbali. Akainua kidole. "Siku ile mvua haikunyesha."

Fundi wa sauti akaeleza kwamba tuliiongeza ili mtazamaji aingie kwenye kumbukumbu.

"Lakini hapo nyuma yangu muhogo umeanikwa," mzee akasema. "Umejaa uwanja mzima. Nani anaanika muhogo kwenye mvua, mwanangu? Watu wangu wakiona watasema nimezeeka, akili imekwenda."

Wenzetu wengi wa timu walikuwa wameshaitazama sehemu hiyo chumbani kwetu Dar, wahariri na watu wa sauti wenye uzoefu, na hakuna aliyeuona muhogo. Usiku ule, gesti, fundi wa sauti aliondoa mvua. Chini yake kulikuwa na sauti halisi ya siku ile, ambayo tulikuwa tumeizima: kuku, mtu anatwanga, na upepo kidogo.

Siku ya nane, Jumatatu: kuelekea Uvinza

Gari tulilopanda lilikatika mkanda katikati ya pori saa nane mchana. Konda alisema fundi anakuja. Saa kumi na mbili fundi hakuwa amekuja, maji yameisha, na mama mmoja mwenye mtoto mchanga ameanza kuwa na wasiwasi. Lori la mahindi likasimama. Dereva alimpakia kwanza mama na mtoto mbele, sisi wengine tukapanda juu ya magunia. Hakutoza mtu. Akasimama mara mbili njiani kuuliza kama kuna aliyeanguka. Tulifika Uvinza saa nne usiku, tumekuwa weupe kwa vumbi, na mwenye gesti akatuwashia moto wa maji ya kuoga bila kuombwa.

Kwenye barabara hii beba lita tatu za maji kwa mtu mmoja, na funga kamera kwenye nailoni mbili hata kama begi linasema halipitishi vumbi.

Siku ya tisa, Jumanne: Kigoma

Uvinza hadi Kigoma ni lami. Nilinunua kilo mbili za chumvi ya Uvinza kwa ajili ya nyumbani. Kigoma tulilala tu.

Siku ya kumi, Jumatano: ziwani

Maboti ya kwenda kaskazini yanaondokea Kibirizi. Nauli hadi Kagunga tulilipa 8,000 kila mmoja na 5,000 ya mizigo. Fika mapema, chagua katikati ya boti, na dai boya lako kabla ya kukaa. Tulipita milima ya Gombe, tukashusha watu na magunia kila kijiji, na alasiri upepo ukaanza kutupiga kwa ubavu. Mwanamume mmoja aliyekaa karibu alivua koti lake la mvua akafunika sanduku la kamera. Yeye akalowa.

Kagunga ni kijiji kilichobanwa kati ya mlima na maji, karibu kabisa na mpaka wa Burundi. Mei 2015 makumi ya maelfu ya watu walijazana kwenye ufuko huu, wakikimbia machafuko yaliyoanza baada ya Rais Nkurunziza kutangaza kugombea muhula wa tatu. Kipindupindu kikaingia. MV Liemba, meli iliyoingizwa majini na Wajerumani hapo Kigoma mwaka 1915, ndiyo iliyowabeba kwenda Kigoma. Haikuweza kufika ufukweni, kwa hiyo watu walipelekwa kwake kwa maboti madogo. Kutoka bandarini walipitia Uwanja wa Lake Tanganyika, halafu mabasi hadi Nyarugusu, kambi iliyokuwepo tangu 1996 kwa ajili ya Wakongo.

Mhusika wetu hapa si mkimbizi. Ni mama muuza dagaa aliyegawa uwanja wake, sufuria zake na choo chake. Kiha, lugha ya wenyeji wa Kigoma, na Kirundi ni ndugu, kwa hiyo hakuhitaji mkalimani. Alituandalia dagaa na ugali, akasema filamu tutaangalia kesho asubuhi, kichwa kikiwa kimetulia.

Siku ya kumi na moja, Alhamisi: Kagunga

Sehemu ya mama ina dakika mbili za video iliyopigwa kwa simu mwaka 2015. Tuliipata kwa mkazi mmoja wa Kigoma, tukamlipa, tukasaini karatasi. Ni video ya kutisha na ya thamani: ufuko umejaa hadi majini, na kamera inapita katikati ya watu waliolala chini.

Mama aliiomba irudishwe nyuma. Mara ya pili akaomba tena. Akaweka kidole kwenye kioo, juu ya mwanamke aliyelala kwa ubavu, khanga imemtoka, macho yamefunguka nusu.

"Huyu namjua. Alilala kwangu." Akanyamaza. "Huyu alikufa hapa. Watoto wake walikwenda na meli."

Hakuna hata mmoja wetu aliyesema kitu.

"Mimi mliniuliza kama nakubali," akasema. "Huyu nani alimuuliza?"

Nilianza kusema kuhusu mkataba wetu na aliyepiga video, nikaacha katikati, kwa sababu haikuwa jibu la swali lake. Kipindupindu cha mwezi ule kiliua watu wasiopungua 30, na kwa miezi mitano nilimtazama mmoja wao kila siku kwenye meza yangu kama sehemu ya umati. Niliuchagua mkato ule kwa sababu alikuwa hapo.

Tuliondoa video yote, dakika mbili nzima. Nilimuuliza mama tuweke nini badala yake. Akasema twende ufukweni. Akatuonyesha mawe matatu yalipokuwa mafiga aliyopikia uji, mahali mistari ya watu ilipoanzia, na mahali maboti madogo yaliposimama. Ufuko ulikuwa mtupu, watoto wawili wanaosha sufuria. Alizungumza akitembea, akionyesha kwa mkono, nasi tulimfuata tu nyuma. Ndiyo sehemu pekee ya filamu ambayo sijaikata hata sekunde moja.

Wakati wa kuondoka alitupa kifurushi cha dagaa wakavu kwa ajili ya mama zetu, wote watatu, akagawa sawa kwa kikombe.

Siku ya kumi na mbili, Ijumaa: Kigoma

Alibaki mmoja, kijana wa Nyarugusu, aliyevuka 2015 akiwa mtoto. Kibali chetu cha kuingia tena kambini hakikuwa kimetoka, na yeye haruhusiwi kutoka bila kibali. Kwa hiyo tulipunguza ukubwa wa faili la sehemu yake, dakika 18, tukamtumia kwenye simu. Aliitazama usiku kwa earphone. Asubuhi tukazungumza.

Katika filamu uso wake tumeuficha. Ulikuwa uamuzi wangu. Kuna mambo anayoyasimulia ambayo yanaweza kumletea shida yeye na ndugu zake waliobaki, na nilijivunia kwamba tunamlinda.

"Dada, nimeona," alisema. "Ni nzuri. Lakini mbona mmenifanya kivuli?"

Nikamweleza. Alinisikiliza hadi mwisho.

"Kaka yangu mkubwa tulipotezana ufukweni. Mimi nilikubali filamu kwa sababu filamu inatembea. Inaweza kufika Uganda, inaweza kufika Zambia. Sasa hata akiiona, atanijuaje?"

Tulizungumza saa nzima, hadi salio lake likaisha, nami nikamtumia jingine. Nilimtajia hatari moja baada ya nyingine, naye akazijua zote kuliko mimi. Bibi, mzee na mama niliwatii palepale. Yeye nimeshindwa kumtii, na nimeshindwa kumkatalia. Tumekubaliana tukae uso kwa uso kibali kikitoka, na mpaka siku hiyo filamu haitoki.

Tulirudi Dar kwa basi, siku mbili. Rasimu mpya ina dakika 67. Inaanza na bibi akihesabu bati.

Wiki iliyopita kijana alinitumia picha. Amesimama mbele ya turubai jeupe, shati limepigwa pasi, anatazama kamera moja kwa moja. Chini ameandika: "Mkiamua, tumieni hii." Nimeihifadhi kwenye diski zote mbili.